Vichekesho vyetu vya runinga vinabuma wapi? Nilikuwa mpachika vicheko, leo najisalimisha

Mtiasauti (mwenye uzi)

Wakuu, salaam.

Uzi huu nimeuahirisha miaka, maana ni sawa na mtu kujipeleka polisi kwa miguu yake. Mimi ni mmoja wa waliowachosha masikio. Kwa misimu miwili, kwenye kampuni moja ndogo hapa Dar ambayo siitaji, nilikuwa napachika vicheko kwenye kichekesho cha kila wiki. Mnamwona mtu anajikwaa kwenye zulia, mara "hahahahaa" kama ukumbi mzima umezidiwa. Ukumbi haukuwepo. Nilikuwepo mimi, feni bovu na kompyuta iliyokuwa ikizimika umeme ukiyumba.

Vicheko vyenyewe tulivipakua mtandaoni, faili moja la dakika kama nne, Wazungu watupu. Ndani yake kuna mama mmoja anacheka kama kuku aliyetoka kutaga. Nilikuwa namkwepa, lakini kicheko chake ndicho kilikuwa kirefu kuliko vyote, kwa hiyo kila palipokuwa na mzaha dhaifu ndipo nilipomhitaji. Wiki ya sita hivi mama yangu mzazi akanipigia simu: "Hivi huyo mwanamke anayecheka ni nani? Kila wiki yupo. Hana kwake?"

Sasa tukio lenyewe. Sebule, kochi la kuazima, pazia la zambarau. Mpangaji anadaiwa kodi ya miezi mitatu. Mwenye nyumba anabisha hodi, mpangaji anaingia kabatini, mtoto anafungua mlango. "Baba yuko wapi?" Mtoto anatakiwa ajibu: "Baba amesema nikwambie hayupo." Mzaha mkongwe kuliko reli ya kati, ila mwongozaji aliupenda. Tukarudia, tukarudia tena. Mara ya sita yule mtoto, ana miaka saba, kachoka, njaa inamuuma, akaligeukia kabati akauliza kwa sauti ya mtu aliyekata tamaa na dunia: "Baba, na leo niseme hupo?"

Jamani. Mpiga picha alicheka hadi kamera ikatikisika. Mama lishe aliyekuwa nje anapakua wali akaingia na mwiko mkononi kuuliza kulikoni. Mwenye nyumba, mwigizaji wa siku nyingi, akaugeuzia ukuta uso. Na kutoka ndani ya kabati kikasikika kile kicheko cha kubana, kinachotafuta njia puani.

Mwongozaji akasema kata, mmeharibu, turudie. Tukarudia. Mtoto akatamka mstari wake sawasawa kama anasoma ubaoni, na huo ndio uliorushwa hewani. Ule wenye vicheko vya kweli niliufuta kwa mkono wangu kwa kuwa "una kelele". Kisha juu ya ule mkavu nikamweka mama wa kuku.

Walioanzisha mambo haya angalau walikuwa mafundi. Kipindi cha kwanza cha runinga kuwekewa vicheko vya kupachika kilikuwa cha Hank McCune, Marekani, mwaka 1950. Miaka hiyo hiyo fundi sauti wa kituo cha runinga cha CBS, Charley Douglass, akatengeneza mashine yenye vitufe kama taipureta. Kila kitufe na kicheko chake: cha mguno, cha mtu mmoja anayeelewa kabla ya wenzake, cha kundi, cha kuishiwa pumzi. Alikuwa akiipiga kama kinanda, na akiifunga kwa kufuli wasiione ndani. Unaweza kumchukia, lakini alijua kwamba watu hawacheki namna moja. Sisi tulikuwa na mama mmoja tu, na bado tukamchosha.

Maoni yangu: mzaha hauuawi na mwandishi peke yake. Unakufa pale ambapo tangu unaandikwa hadi unarushwa haupiti mbele ya mtu hata mmoja mwenye uhuru wa kutocheka. Sisi wote pale studio tulikuwa tunalipwa. Nani angenyamaza?

Karibuni. Mawe yarusheni taratibu.

Kifaurongo_Mstaafu

Nimekaa paleee. Mama wa kuku aje atoe ushahidi.

Babu_wa_Pangani

Uzi mzuri. Hebu niwachangamshe kidogo. Mwalimu: taja wanyama watano wa porini. Mwanafunzi: simba mmoja na tembo wanne! 😂😂😂

Kifaurongo_Mstaafu

Babu, hiyo niliisikia nikiwa darasa la pili, na aliyeisimulia naye alikuwa amechoka.

Nakuru_Mjini

Salamu kutoka Kenya. Mimi nimelelewa na KBC. Vioja Mahakamani na Vitimbi vilikuwa na seti ya bei ya chini kabisa, ukuta ungetikiswa na upepo, lakini sikumbuki kungoja mtu aniambie nicheke. Pale mahakamani kila mtu alijua kazi yake: hakimu hana muda, mwendesha mashtaka ana hamu ya kushinda, mshtakiwa ana uongo ambao ameupanga vizuri usiku kucha na sasa umeanza kumponyoka mdomoni. Hapo hata bila mstari wa kuchekesha unacheka, kwa sababu unaona ukuta unamwangukia na yeye bado anaupaka rangi.

Papa Shirandula, hali kadhalika. Mzee Bukeko, Mungu amlaze pema (alituacha Julai 2020), aliigiza bawabu ambaye mkewe anaamini anafanya kazi ya ofisini. Basi. Hicho ndicho kichekesho chote. Mkewe huyo, Wilbroda, akiuliza tu "kazini habari gani?" watu kwetu sebuleni wameshaanza kushika mbavu, na swali lenyewe halina mzaha wowote ndani yake. Sisi tunajua, yeye hajui.

Zinazoflop siku hizi ni zile mtu anaingia na lafudhi peke yake. Ati anachanganya "r" na "l", watu wacheke. Ya kwanza sawa. Ya arobaini? Hiyo si stori, hiyo ni matamshi.

Mtiasauti

Nakuru, umenigusa kwenye "hata bila mstari wa kuchekesha". Kwetu waandishi walikuwa wanahesabu mizaha kwa ukurasa, kama fundi anavyohesabu matofali. Na hiyo ya lafudhi naikiri. Tulikuwa na mhusika ambaye kazi yake yote ilikuwa kuchapia. Siku alipougua hatukuwa na kipindi.

Mbishi_wa_Mbezi

Mnamwonea tu huyo mama wa kuku. Sayansi iko upande wake. Mwaka 2019 watafiti wa University College London walichukua mizaha 40 mibovu, ile ya baba akiwa na wageni, wakaipachika vicheko na kuwasikilizisha watu. Ilipowekewa kicheko, watu waliiona inachekesha zaidi. Kwa hiyo mpachika vicheko hakuwa muuaji, alikuwa daktari.

Halafu msiwe watu wa kusahau. Vipindi mnavyovisifu vya Marekani vingi vina vicheko. Friends ilidumu miaka kumi, 1994 hadi 2004, vipande 236, kicheko mwanzo mwisho, na hakuna aliyelalamika.

Mtiasauti

Mbishi, asante, ila umalizie. Utafiti huo huo ulikuta kicheko cha kumtoka mtu mwenyewe kilisaidia zaidi kuliko cha kujilazimisha. Ndiyo hoja yangu hiyo hiyo kwa njia ndefu. Kile cha puani kutoka kabatini nilikifuta mimi.

Kuhusu Friends, wale walikuwa na watu kama 300 wamekaa ukumbini pale Burbank. Mzaha ukitolewa na watu wakatulia, waandishi walikuwa wanakusanyika pembeni papo hapo wanatafuta mstari mwingine, waigizaji wanarudia. Watazamaji wale hawakuwa pambo. Walikuwa mizani.

Kuna jambo jingine la kifundi ambalo huwa halisemwi. Mwigizaji mwenye watu mbele yake anangoja. Kicheko kikipanda anakishika, kikianza kushuka ndipo anaingia na mstari unaofuata. Ndiyo maana zile video za YouTube za kichekesho cha The Big Bang Theory kilichoondolewa vicheko zinatisha: watu wazima wanazungumza kisha wanatazamana kimya kama wamesahau walichofuata jikoni. Watu wanazitumia kuthibitisha kwamba kipindi hakichekeshi. Huo si uungwana. Umemng'oa mtu jino, halafu unamcheka pengo.

Kwetu ilikuwa kinyume chake. Waigizaji hawakungoja, maana hapakuwa na wa kumngoja. Walipokezana maneno kama makonda wa daladala. Nikija mimi usiku kupachika, pengo hakuna. Nikiweka kicheko, kinafunika mstari unaofuata. Na mara nyingi, amini usiamini, huo uliofunikwa ndio uliokuwa mzuri.

Mbishi_wa_Mbezi

Sawa. Hapo kwenye jino nimekubali. Pengine bado nabisha.

Dada_Leicester

Niko Uingereza tangu miaka ya tisini. Mtiasauti, tafuta habari ya M*A*S*H, ile ya madaktari wa jeshi la Marekani kwenye vita vya Korea. Ilianza 1972. CBS wakataka vicheko, watengenezaji hawakutaka, wakaishia kwenye maelewano: kwenye chumba cha upasuaji visiwekwe. BBC huku walipoirusha waliviondoa kabisa. Mume wangu aliizoea ile ya BBC. Siku moja tukaangalia ya Kimarekani akasema, "Wamemwalika nani?" Mizaha ni ile ile, daktari ni yule yule, ila bila vicheko unamsikia mtu anayetania ili asilie. Vikiwekwa, unamsikia mtu anayetania, basi.

Kwa hiyo kuna mzaha ambao haukukusudiwa kuchekwa kwa sauti. Ukiuwekea kicheko unaubomoa. Hilo Mbishi na watafiti wake walipime.

Mwana_wa_Kongowea

Mmenikumbusha Mind Your Language. Wa rika langu hapa pwani tunaijua kama tunavyojua njia ya kwenda chuoni. Ilitengenezwa London kuanzia 1977, Bwana Brown anafundisha wageni Kiingereza, kila mmoja anaharibu neno kwa namna yake. Mwaka 1979 Michael Grade, bosi wa pale London Weekend Television, akaisitisha akiona inawadhalilisha wageni. Na sisi wageni wenyewe, huku makoloni ya jana, ndio tuliokuwa tunagaragara sakafuni!

Nimewaza sana kwa nini. Sidhani kama ni ujinga. Sisi sote tulikaa kwenye darasa lile. Tulichapwa kwa kusema neno la Kiingereza kombo. Sasa unamwona mtu mzima, ana masharubu, anakosea vibaya kuliko wewe na hakuna fimbo, mwalimu anashika kichwa tu. Ile ilikuwa nafuu, siyo kicheko peke yake.

Juzi nikamwekea binti yangu, yuko kidato cha tatu. Vipande viwili. Hakucheka hata mara moja. Akaniuliza, "Baba, mbona wote wamefanywa wajinga?" Nikataka kumweleza. Nikaanza, nikajisikia ninaeleza mzaha. Nikazima.

Kifaurongo_Mstaafu

Hapo kwenye "nikajisikia ninaeleza mzaha" umeniua kabisa.

Mama_Kasulu

Mbona hamumtaji Lufufu? Marehemu Derek Mukandala. Filamu ya Kichina, watu hawajui neno, yeye anasimulia juu yake kwa Kiswahili. Mzaha wa Kichina ukifika, ambao kwetu ungedondoka kama embe bichi, yeye anaupandia mwingine pale pale, wa shemeji, wa deni la duka, na midomo ya mhusika bado inatikisika. Huyo hakuwa mfasiri, alikuwa mwokoaji.

Lakini upande mwingine, ile tamthilia ya Kichina ya Mao Doudou na mama wakwe, iliyooneshwa TBC mwaka 2011, imetiwa Kiswahili, ilishika bila kupandiwa kitu. Hadi Rais Xi wa China alipokuja Dar mwaka 2013 akaitaja kwenye hotuba. Sababu naijua mimi niliyeolewa: mama mkwe hahitaji tafsiri.

Mngoni_Halisi

Naomba niseme la kwetu Songea, maana naona wote mnazungumzia vifaa.

Baba yangu alipofariki, siku ya tatu ya matanga, watu wamechoka kulia. Akaja mtani wetu, Mhehe. Wangoni na Wahehe walipigana vita karne ya 19, leo ni watani, hilo mnalijua. Akaingia ndani bila hodi, akatoka amevaa koti la marehemu, akakaa kwenye kiti chake, akakunja nne kama yeye, akaita kwa sauti ya baba kabisa: "Mbona chai haina sukari? Nimekufa mimi, siyo sukari!"

Mama yangu alikuwa hajala siku tatu. Alicheka hadi akashikwa na kwikwi, halafu akalia, halafu akaomba uji.

Sasa fikiria maneno yale yale, koti lile lile, angeyasema jirani ambaye si mtani. Angetoka pale akiwa hana meno. Mzaha haukubadilika, aliyebadilika ni mwenye ruhusa. Hawa wa kwenye runinga wanaingia sebuleni kwangu siku ya kwanza, siwajui, wananitania. Kwa undugu gani?

Mtiasauti

Mngoni, nimeisoma mara tatu. Pole kwa mzee, hata kama ni zamani.

Umenifungua macho kwa jambo ambalo sikulielewa. Cheers, ile ya baa ya Boston, ilianza NBC mwaka 1982 na msimu wa kwanza ilikuwa karibu na mkia kabisa kwa watazamaji. Wakaivumilia. Ikaja kudumu misimu 11. Mizaha ya msimu wa kwanza siyo mibaya, nimeirudia. Ila watu walikuwa hawajapewa ruhusa, au hawajaitoa. Ukishamjua yule mnene wa kwenye kona ya kaunta, akiingia tu mlangoni na wateja wote wakamwita jina, umeshacheka. Amekuwa mtani.

Sisi tulikuwa tunabadilisha wahusika kila vipande vinne kwa sababu "mtazamaji anachoka". Kumbe mtazamaji alikuwa ndiyo kwanza anafungua mlango.

Binti_Chumbageni

Na mimi nimtaje wa kwetu Tanga, King Majuto, aliyeondoka Agosti 2018. Mnaojifunza kuigiza mtazameni uso. Alikuwa anasema jambo la kipuuzi kwa uso wa mtu anayedai haki yake serikali za mitaa. Hakukonyeza. Wachekeshaji wa sasa wakikaribia kwenye utamu wanaanza kutabasamu wenyewe, macho yanatafuta kamera, halafu mhariri naye anaongeza ile "toing!" na picha inavutwa puani. Ni kama kumwekea mtu pilau, kabla hajanawa umeshamuuliza, "Tamu, eeh?"

Mtiasauti

"Toing" nayo ni mimi. Iko kwenye kompyuta yangu hadi leo, inaitwa toing_mpya_2.

Nakuru_Mjini

Haki ya nani. Kuna toing_mpya_1?

Mtiasauti

Ilikataliwa. Mwongozaji alisema haina hisia.

Kifaurongo_Mstaafu

😂😂😂 Haina hisiaaa

Mbishi_wa_Mbezi

Ngoja. Mwenye uzi, yule mtoto wa "na leo niseme hupo" yuko wapi? Bado anaigiza?

Mtiasauti

Nilikutana naye mwaka jana kwenye kituo cha mwendokasi, kijana mkubwa sasa, ananizidi urefu. Anasoma mambo ya umeme. Nikamuuliza kama anaikumbuka siku ile. Akasema anachokumbuka ni kwamba alisema kweli, watu wazima wote wakacheka, halafu akagombezwa, na wali ulipofika ulikuwa umepoa. Nikamwambia ule ndio ulikuwa mstari bora wa misimu yote miwili. Akanitazama kidogo. "Sasa mbona mliukata?"

Basi likaja.

Mama_Kasulu

Hilo jibu ulimpa?

Mtiasauti

Nilisema foleni ilikuwa ndefu. Hata mimi sikuelewa nilimaanisha nini.

Babu_wa_Pangani

Nimesoma uzi wote, nimewaza. Nadhani nimeona nilipokosea.

Simba wawili na tembo watatu.

Mngoni_Halisi

Babu 😂😂 nimemwaga chai.

Kifaurongo_Mstaafu

Sasa hii ndiyo nini jamani, mbona nacheka? Ofisini wananiangalia.

Babu_wa_Pangani

Hii mnacheka? Nilikuwa nauliza.